Nyumba ya Llenroc

Ezra Cornell alipofika Ithaca, katika jimbo la New York huko Marekani, mwaka wa 1828, alikuwa seremala kijana asiye na mali. Utajiri wake ulitoka katika telegrafu, yaani habari zipelekwazo kwa nyaya. Mwaka wa 1844 alimsaidia Samuel Morse kuweka waya baina ya Washington na Baltimore. Nyaya zilizofukiwa ardhini zikaharibika, ikawabidi kuzitundika juu ya milingoti. Baadaye alitoa shamba lake pamoja na dola 500,000, kikaanzishwa Chuo Kikuu cha Cornell, kilichofunguliwa mwaka wa 1868. Alitaka mtu yeyote aweze kusoma humo somo lolote.

Mwaka wa 1867 alianza kujijengea nyumba ubavuni mwa kilima, karibu na chuo. Waione wanafunzi wetu mfano wa mtindo uitwao Gothiki, ulioigwa kutoka makanisa ya kale ya Ulaya: mapaa yenye mwinamo mkali, madirisha yenye tao lililochongoka juu, na mawe yaliyonakishiwa kwa patasi. Mawe yenyewe ni ya kijivu-samawati, ya nchi ile ile, na majengo ya kwanza ya chuo yalijengwa kwa mawe ya namna hiyo. Juu ya mlango pamechorwa maneno yenye maana ya “Kweli na Imara.” Tajiri huyo hakuhamia humo. Alifariki Desemba 1874, na kazi ikamalizika mwaka wa 1875. Jamaa zake ndio waliokaa ndani.

Mwaka wa 1911 nyumba ilinunuliwa na Delta Phi. Hiki ni chama cha udugu cha wanafunzi wa kiume, kilichoasisiwa mwaka wa 1827 katika Chuo cha Union, na kama vyama vingi vya aina hiyo hujiita kwa herufi za Kiyunani. Vyama hivyo vilipendwa kwa sababu ya siri zao na sherehe zao, lakini palikuwa na sababu nyingine iliyo wazi zaidi: mabweni ya chuo yalikuwa haba, na kijana hana budi kupata mahali pa kulala na kula. Nyumba ikaitwa Llenroc. Lisome jina hilo kuanzia mwisho, utaliona la mwenyewe.

Lakini huyo “mtu yeyote” aliyemkusudia Cornell hakupokelewa katika kila nyumba. Wanafunzi weusi walisoma chuoni, ila milango ya vyama hivyo haikufunguliwa kwao. Wakawa wakikutana mjini, katika nyumba za weusi wenzao, na mnamo Desemba 1906 vijana saba wakaunda chama chao, Alpha Phi Alpha. Hawakuwa na jumba la mawe wala nakshi. Hata hivyo chama kilienea katika vyuo vingine, na miongoni mwa waliojiunga nacho alikuwamo Thurgood Marshall, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Lincoln. Ndiye mwanasheria aliyekwenda London mwaka wa 1960, katika mkutano wa Lancaster House, kuwashauri wajumbe Waafrika wa Kenya, akaandika rasimu ya haki za raia ambayo ilikusudia kuwalinda hata Wazungu waliokuwa wachache nchini, pamoja na mali zao.