Samaki Waliolipa Shaba

Nkambo wangu, mzazi wa mzazi wangu, aliuza samaki wa kubanikwa katika soko la Kolwezi. Kambale aliwakunja, mkia ukaingia mdomoni. Pembeni aliweka alivyookota porini kwa majira yake: uyoga uitwao bowa, matunda ya masuku, viazi vidogo vya kupikia kikanda. Wanunuzi wake wengi walikuwa wachimbaji, kucha zao zimejaa vumbi la kijani la malakiti, jiwe lenye shaba. Hawakukosa kununua kwake samaki wa kulia bukari, ugali wetu, jioni.

Shuleni tuliambiwa kwamba shaba ndiyo mama wa Kolwezi. Mimi nasema samaki alitangulia.

Fuata mto Lualaba chini, uipite Bukama, ufike ziwa Kisale. Huko mafunjo yamesukana mpaka yakawa visiwa vinavyoelea, na wavuvi hujenga vibanda juu yake. Mwaka 1957 mwanaakiolojia Jacques Nenquin, na mwaka uliofuata Jean Hiernaux, walichimba makaburi ya Sanga, ukingoni mwa ziwa hilo. Mengi ni ya kati ya karne ya 8 na ya 13. Wafu walizikwa na vyungu vya chakula, na vya watoto vilikuwa vidogo kulingana na umri wao. Walikuwa pia na mikufu na bangili za shaba. Katika makaburi ya karne zilizofuata ikaonekana misalaba ya shaba. Kadiri miaka ilivyopita ilizidi kuwa midogo na kufanana, kama fedha inayohesabika.

Lakini bonde lile la ziwa, liitwalo Upemba, halina shaba. Ilitoka kusini, kwetu, mwendo wa zaidi ya kilomita 200. Watu wa majini walilipa nini? Samaki aliyebanikwa akakauka ni mwepesi, haozi upesi, hubebeka kichwani siku nyingi. Wapo wanaakiolojia wanaodhani ndiye aliyebadilishwa kwa shaba. Mimi, niliyelelewa kwa fedha ya samaki, nawaamini.

Hata majira yalikubaliana. Kiangazi maji hushuka, samaki hubaki madimbwini, na wanawake huwateka kwa vikapu. Kiangazi hichohicho, mavuno yakishaingia ghalani, Wasanga, watu wa huku kwetu kwenye shaba, na jirani zao waliokota malakiti na kuwasha tanuru zao za udongo.

Reli ilipofika Bukama mwaka 1918, samaki wa maziwa walipata njia ya kupanda hadi kambi za migodi. Miaka ya 1950 bwawa la Nzilo likazaa ziwa jirani na Kolwezi, na wavuvi wakaingia humo pia.

Leo maji ya kuoshea madini yanaingia mitoni, nami naumia. Waliotutangulia walimzika mpendwa wao na shaba mwilini na chakula kando yake. Hawakumwambia achague kimoja. Nkambo naye, kila jioni, alizipangusa noti zenye vumbi la kijani kwa kitambaa kilekile alichopangusia samaki, akazifunga humo, akaja nyumbani kutulisha.