Kutoka Tukio hadi Ukoo: Majina ya Kisukuma Shinyanga na Geita

Miongoni mwa Wasukuma wa Shinyanga na Geita, jina la kuzaliwa aghalabu huhifadhi tukio. Neno *mbula*, yaani mvua, limezaa Mabula kwa mwanamume na Kabula kwa mwanamke. Kulwa na Doto ni mapacha, na anayezaliwa baada yao huitwa Shija. Uhusiano wa mtoto na mzazi hubebwa na neno *ng'wana*, 'mtoto wa'. Fomu za kiserikali, zenye nafasi ya majina matatu, huliacha neno hilo na kulifanya jina la babu kuwa la ukoo. Hivyo mtoto wa kiangazi huandikishwa kwa jina la mvua, na mtu mwenye Shija kama jina la tatu huenda hakutanguliwa na mapacha. Katika migodi ya Geita, iliyokutanisha watu wa asili mbalimbali tangu miaka ya 1930, jina hilo la tatu hudokeza nasaba tu, wala halisimulii kuzaliwa kwa mwenyewe. Kwa hiyo, mtafiti anayesoma orodha za wafanyakazi hana budi kuuliza kwanza jina limeandikwa katika nafasi ipi, ndipo atafute maana yake.