Ruwej, malkia aliyemvika mgeni bangili ya Walunda

Desemba 2025 ilitimia miaka 150 tangu Mjerumani Paul Pogge aingie Musumba, mji wa Mwant Yav, mfalme wa Walunda. Hapa Kolwezi siku hizo zilipita kama nyingine zote: malori ya migodi ya Mashamba na Kamoto barabarani, vumbi madirishani, bei ya kobalti midomoni mwa watu. Hakuna aliyepiga ngoma, na sioni kwa nini Pogge apigiwe ngoma. Lakini katika kitabu alichokichapisha Berlin mwaka 1880 yumo mtu anayestahili kukumbukwa kuliko yeye. Ni mwanamke ambaye Pogge alimkuta Musumba akiwa na baraza lake, watumishi wake na vijiji vinavyomlipa kodi yeye mwenyewe, bila kupitia kwa mfalme. Cheo chake kiliitwa Rukonkish. Wajerumani waliandika Lukokesha.

Naileta habari hii kwa sababu ya maneno ninayoyasikia katika nganda za Manika tangu Fifi Masuka Saini ashike uongozi wa mkoa wa Lualaba, kwanza kwa muda mwaka 2021, kisha kwa kuchaguliwa mwaka 2024. Mtu ana haki ya kuikosoa serikali yake, kwa barabara, kwa madini, kwa lolote analoliona. Ila wapo wanaoacha yote hayo wakadai kwamba mwanamke kutawala ni jambo la wazungu, kwamba mababu hawakulijua. Wanayasema hayo ndani ya mkoa ambao kaskazini yake, huko Kapanga, ndiko alikotawala Ruwej.

Simulizi linaanzia bonde la mto Nkalany. Wanahistoria wengi huliweka kati ya karne ya 16 na ya 17. Walunda wa wakati ule hawakuwa na mfalme mkuu. Kila ukoo ulikuwa na mzee wake, na mmoja wao, Nkonde, alikuwa wa kwanza kati ya wenzake. Alama ya heshima yake ilikuwa rukan, bangili iliyosukwa kwa mishipa ya binadamu. Nkonde alikuwa na wana wawili wa kiume, Chinguli na Chinyama, na binti, Ruwej.

Maelezo marefu zaidi ya ugomvi wao tunayapata kwa Henrique Dias de Carvalho, ofisa wa jeshi la Ureno aliyeongoza msafara kwenda kwa Mwant Yav kati ya 1884 na 1888 na kukusanya masimulizi ya wakubwa wa Kilunda. Siku moja Nkonde alikuwa amekaa nje akisuka mkeka. Kando yake palikuwa na chombo cha maji ya kulowekea nyuzi, na maji yalikuwa yamegeuka meupe. Wanawe wakarudi wamelewa. Wakaona ule weupe, wakadhani ni malafu, wakadhani baba yao anajinywea peke yake na kuwanyima. Aliposema ni maji hawakusadiki. Walimtukana, wakampiga, wakamwacha chini. Ruwej ndiye aliyemwinua mzee, akamwosha na kumlaza. Nkonde akawaita wazee wa koo, akawaambia kwamba wale vijana hawatairithi rukan kamwe. Itakwenda kwa binti.

Nimelisikia simulizi hili kwa namna mbalimbali, na kila msimulizi hulivuta upande wa kwao. Kwa Waruund, yaani Walunda wa Kapanga, makosa yote ni ya walevi wawili. Lakini wamo wajukuu wa Chinguli na Chinyama pia, na hapa Kolwezi hukosi kukutana nao: Wachokwe na Waluvale wanaojihesabu kuwa wa nyumba hiyohiyo. Kwao waliodhulumiwa ni kaka, waliopokonywa haki yao kwa ajili ya kikombe cha maji. Sioni haja ya kuamua kesi hiyo. Jambo la kutazama ni kwamba pande zote mbili, hata zinapobishana kama ilikuwa haki, zinakubali kwamba Ruwej aliivaa bangili na wazee wakampigia makofi ya heshima.

Kisha akaja mwindaji. Chibinda Ilunga alitoka Buluba, nchi ya Waluba, wa ukoo wa mfalme wao Kalala Ilunga, na alikuja na wenzake, pinde zao na nyama waliyokausha. Walikutana na watu wa Ruwej karibu na maji, wakatoa nyama, wakapewa ukarimu. Malkia akaagiza mgeni aletwe. Akampenda, wakaoana, na hilo peke yake halikuwa na ubaya. Ubaya ulianza pale Ruwej alipoingia mwezini. Mwiko ulimkataza kuigusa rukan katika siku hizo, kwa hiyo alijitenga na bangili ikakaa chini ya ulinzi wa wazee. Mwezi mmoja aliwaita wazee hao, akaichukua bangili na kumvika mumewe mbele yao, akawaambia wamtii kama yeye.

Chinguli hakuvumilia kumpigia magoti mtu wa kuja. Alikusanya watu wake akaelekea magharibi, na masimulizi ya Waimbangala wa Kasanje, ndani kabisa ya Angola, yanamtaja kama mwanzilishi wao. Chinyama alishika njia ya kusini, na Waluvale wanamtaja hadi leo. Ruwej hakujaliwa mtoto. Alimpa mumewe mke mwingine, Kamonga, akamzaa Luseeng, na mtoto wa Luseeng, Naweej, ndiye wa kwanza kuitwa Mwant Yav. Kwa hiyo ukoo wa wafalme wa Musumba hautokani na tumbo la Ruwej, bali uamuzi wake ndio uliouweka.

Hapa wasomi wamemwaga wino mwingi. Luc de Heusch, Mbelgiji, aliligeuza simulizi hili kuwa sura kubwa ya kitabu chake cha 1972 kuhusu mfalme mlevi. Jeffrey Hoover, Mmarekani, aliandika tasnifu nzima katika Chuo Kikuu cha Yale mwaka 1978, na kichwa chake kinamtaja Ruwej kama mwanamke aliyetongozwa. Joseph Miller alisema majina haya si ya watu, ni ya vyeo, na safari za Chinguli ni safari za cheo kilichohama karne baada ya karne. Huenda yuko sahihi. Lakini tukumbuke pia nani aliyeliandika kwa urefu. Carvalho alitumwa kutafuta himaya kubwa yenye mfalme mmoja wa kutia saini mkataba, na mkataba huo aliupata Musumba mwaka 1887. Mtu kama huyo lazima apendezwe na sehemu ile ya mgeni mwenye akili anayekuja kuwafundisha wenyeji utawala. Miaka ya Ruwej kabla ya mwindaji, alipotawala peke yake, inapita kwake haraka mno. Sisi tumelirithi simulizi pamoja na haraka hiyo, na ndiyo maana watoto wetu, wakimjua kabisa, humjua kama mke wa Chibinda.

Msomaji aliyesoma historia ya Ulaya shuleni atamkumbuka Catherine wa Pili wa Urusi, na habari yake ni hii ya Ruwej iliyopinduliwa. Huyo alikuwa mgeni, Mjerumani aliyezaliwa Stettin mwaka 1729, akapelekwa Urusi bado msichana ili aolewe na mrithi wa kiti. Mwaka 1762, akisaidiwa na askari wa ulinzi wa St. Petersburg, alimpindua mumewe Peter wa Tatu, ambaye alikufa kizuizini siku chache baadaye. Alitawala miaka 34. Na hakuwa wa kwanza: kabla yake walikalia kiti hicho Catherine wa Kwanza mwaka 1725, Anna mwaka 1730 na Elizabeth mwaka 1741. Sehemu kubwa ya karne ya 18 Urusi ilikuwa chini ya wanawake. Catherine alipofariki mwaka 1796, mwanawe Paul, ambaye hakupatana naye, hakukawia. Mwaka 1797 alitoa sheria kwamba mwanamke harithi maadamu yupo mwanamume yeyote katika ukoo. Hakutawala mwanamke tena hadi ufalme wenyewe ukaanguka mwaka 1917.

Walunda nao waliufunga mlango, kwa njia ya mwiko: rukan haikurudi tena mkononi mwa mwanamke. Ila hawakuwatoa wanawake nje ya ua. Vyeo viwili vilibaki. Swan Mulund ni Ruwej mwenyewe, asiyekufa: kila anayeingia katika cheo hicho huwa yeye, hubeba undugu wake na madai yake yote. Rukonkish ni mama wa mfalme, nafasi inayohesabiwa kuanzia kwa Kamonga, na si lazima aliyeishika awe amemzaa mfalme aliyepo. Ian Cunnison, aliyeishi na watu wa Kazembe kule Luapula, tawi la Walunda hao hao, alieleza mwaka 1956 jinsi utaratibu huu unavyokwenda: mtu anashika cheo na kukizungumzia kwa kusema mimi, hata akisimulia vita vya miaka 200 iliyopita.

Nguvu ya Rukonkish haikuwa ya mapambo. Pogge, na baada yake Max Buchner aliyekaa Musumba mwaka 1880, waliandika kwamba alikuwa na sauti katika kumchagua Mwant Yav mpya, alikuwa na wakubwa wake mwenyewe na mapato yake mwenyewe, wala hakuwa chini ya mwanamume yeyote. Hakutakiwa kuolewa kama wanawake wengine. Wanaume aliowachagua ndio waliohesabiwa kuwa wake zake, na mkubwa wao alikuwa na cheo. Hapo wasafiri hao wawili walikunja uso, na vitabu vya Ulaya vikainakili habari hiyo ya wanaume kizazi baada ya kizazi, huku ile ya kodi na baraza ikififia. Catherine alitendewa hivyo hivyo. Aliandika mwenyewe mwongozo wa kutunga sheria za nchi yake, aliiteka Crimea, alianzisha mkusanyiko wa picha wa Hermitage, na bado ukimtaja katika kikundi cha wanaume watakusimulia vitanda. Kiti cha mwanamke hakikosi umbea wa aina hii, iwe Musumba au St. Petersburg.

Yaliyofuata yanajulikana na nitayapitia mbio. Katika miaka ya 1880 Wachokwe, wenye bunduki walizozipata kwa biashara ya pembe na mpira, waliivamia Musumba na kuiteketeza. Mwaka 1891 Leopold, mfalme wa Ubelgiji, na Ureno waligawana nchi ya Walunda katika mkataba wa Lisbon, na mpaka ukawakata watu wa ukoo mmoja. Wabelgiji walimtambua Mwant Yav kama shefu wa kiserikali, wakamwandikia mshahara, na katika karatasi zao vyeo vya wanawake havikupata nafasi ya maana. Moïse Tshombe, aliyezaliwa Musumba mwaka 1919 na kuoa binti wa Mwant Yav, aliupeleka ukoo huo kwenye magazeti ya dunia mwaka 1960 alipoitenga Katanga. Kisha zikaja enzi za Mobutu, vita, na mwaka 2015 mkoa wetu ukazaliwa ukiwa na migodi kusini na Musumba kaskazini.

Ukiuliza sura ya Chibinda Ilunga utaonyeshwa: sanamu zake za mti, kazi ya mafundi wa Kichokwe, ziko Berlin na nyingine iko Fort Worth, Marekani, kwenye jumba la makumbusho la Kimbell. Wageni hulipa nauli kwenda kuziangalia. Ruwej anapatikana kwa jirani. Dundo, upande wa Angola, kuna Chuo Kikuu cha Lueji A'Nkonde, yaani Ruwej wa Nkonde, kilichofunguliwa mwaka 2009, na mwandishi Pepetela amemwandikia riwaya. Mkataba wa 1891 uliwaacha wenzetu bila Musumba, bila Nkalany, wakajichukulia jina tu. Chuo kikuu chetu kinaitwa Chuo Kikuu cha Kolwezi, na barabara zinafunguliwa kila mwaka zikisubiri majina. Mkoa wenye fedha ya shaba na kobalti ungeweza kulipia uandishi wa masimulizi ya Kapanga, ya upande wa Waruund na ya upande wa Wachokwe, wakati waliobaki wanaoyajua kwa moyo bado wapo, na kuyapeleka shuleni kwa Kiswahili ambacho mtoto wa Mashamba anakielewa.