Tarikhi ya Boda Kusini ya Ghuba ya Winam

Nchi iliyo kusini ya Ghuba ya Winam, tangu Kendu Bay na Homa Bay hata Mbita, na kutoka huko ikishuka kwa Ndhiwa, Rongo na Awendo mpaka mji wa Migori na hatimaye Isebania, ambako Kenya yakoma na Tanzania yaanza, ilikuwa kwa miaka mingi nchi iliyoguswa na vyombo vikubwa pembeni tu. Reli ya Uganda ilipowasili Kisumu mwishoni mwa mwaka 1901 haikuendelea kusini. Badala yake zikaja meli za moshi, Winifred na Sybil zikiwa miongoni mwa zile za awali, ambazo vyuma vyake vilisafirishwa vipande vipande kutoka Uskoti vikaunganishwa Kisumu, nazo zikawa zapita bandari za ziwani zikishusha nguo na majembe, zikipakia ufuta, ngozi na samli. Baadaye ikaja barabara, na juu ya barabara malori na mabasi. Lakini meli ilikoma gatini, na basi lilikoma barabarani, ilhali watu wa nchi hii, kwa desturi ya Waluo ya kujenga kila boma mahali pake katikati ya mashamba yake, hawakukaa gatini wala barabarani. Kati ya chombo kikubwa na mlango wa nyumba pakabaki kipande cha njia ambacho serikali haikukijali wala kampuni haikukitamani, nacho kilikwendwa kwa miguu, mizigo ikiwa juu ya vichwa vya wanawake.

Habari ya kipande hicho ndiyo habari ya boda, na hiyo ndiyo sababu ya mimi kuanza na meli ninapokusudia kusema juu ya pikipiki.

Chombo cha kwanza kilichokitumikia kilikuwa baiskeli, ambayo Waluo huiita ndiga. Ilikuja zamani za ukoloni, ikiwa mali ya mwalimu, karani au mwenye duka, na kwa muda mrefu ilikuwa alama ya cheo kuliko kuwa chombo cha kazi. Mtu aliyeipata aliifuta kwa kitambaa na kuilaza ndani ya nyumba. Thamani yake iliposhuka na idadi yake ilipozidi, hasa zile baiskeli nzito nyeusi ambazo Wakenya walizibandika jina la Black Mamba, ikageuka mnyama wa mizigo: ikabeba samaki kutoka pwani za ziwa, gunia la mahindi kwenda kinuni, madumu ya maji, hata mgonjwa aliyeshikiliwa na nduguye asianguke. Ila jambo moja lilikuwa halijatokea. Aliyepakiwa juu ya baiskeli alikuwa jamaa, jirani au rafiki, na aliyempakia hakutaraji ujira, au kama alitaraji, hakuthubutu kuutaja.

Ujira huo ulianza kutajwa mahali pengine. Masimulizi mengi hukubaliana kwamba ilikuwa Busia, mpakani mwa Kenya na Uganda, katika miaka ya 1960 na 1970, ingawa wako wanaoipa Malaba fahari hiyo. Magari ya abiria ya upande mmoja hayakuwa na idhini ya kuvuka, na baina ya lango la nchi hii na lango la nchi ile ulikuwapo mwendo wa kuchosha kwa mwenye mzigo. Vijana wenye baiskeli wakatia mto laini juu ya keria ya nyuma, wakasimama wakimwita msafiri kwa kumtajia safari yenyewe, kutoka mpaka mmoja hata mpaka wa pili, kwa neno la Kiingereza lililolainishwa na ndimi za Kibantu na kukaririwa mara mbili kama Kiswahili kipendavyo kukariri: boda, boda. Basi neno hili, lilipozaliwa, halikuwa jina la chombo. Lilikuwa jina la kipande cha njia.

Msomaji aijuaye Migori aweza kuuliza kwa nini neno lizaliwe Busia na si Isebania, ambako nako kuna mpaka, kuna malango mawili, na kuna Sirare upande wa pili inayotazamana na Isebania kama mlango na mlango. Jibu langu, nalitoa kama dhana ya mwandishi wala si hukumu, ni kwamba katika miaka ile ambayo biashara ya baiskeli ilikuwa ikistawi Busia, mpaka wa Isebania ulikuwa umefungwa. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977, na mwezi wa Februari mwaka huohuo Tanzania ikafunga mpaka wake na Kenya, usifunguliwe tena mpaka Novemba 1983. Watu hawakuacha kuvuka, maana Wakuria wamekaa pande zote mbili tangu kabla ya mpaka kuchorwa, na ukoo haugawanyiki kwa wino. Lakini walivuka kwa njia za panya, na apitaye njia ya panya hapendi kupigiwa kelele za kutangaza aendako.

Hivyo neno liliifikia nchi ya Migori na Homa Bay likiwa limekwisha kukomaa, likiletwa kwa njia ya Kisumu na miji ya magharibi, na likaikuta kazi yake ikilisubiri. Mpaka wa nchi mbili haukuhitajika. Palikuwa na lami na palikuwa na kijiji, na baina yake kile kipande ambacho hakijapata mwenyewe. Na kwa hiyo, katika miaka ya 1990, vijana wa Rongo, Awendo na Oyugis walipoanza kujipanga penye njia panda na baiskeli zao, waliitwa boda boda bila ya mtu kuona kwamba jina limepotoka, na kwa kweli halikuwa limepotoka.

Pikipiki yenyewe haikuwa ngeni. Mapadre walikuwa nayo, na maafisa wa kilimo, na wasimamizi wa tumbaku waliozunguka mashamba ya Migori na Kuria, na wale wa kiwanda cha sukari cha Awendo tangu kilipoanzishwa mwishoni mwa miaka ya 1970. Na Waluo waliipa jina lao, apiko, kama walivyoipa motakaa jina la nyamburko. Lakini ilikuwa chombo cha mwenye mshahara. Kilichoigeuza kilikuwa hesabu ya forodha na kodi: mwaka 2008 Serikali ya Kenya iliondoa kodi ya ongezeko la thamani kwa pikipiki ndogo, zile ambazo injini yake haizidi sentimita 250 za ujazo, na wakati huohuo viwanda vya India na China vilikuwa vikitoa pikipiki za bei nafuu kupita zile za Japani zilizozoeleka. Pikipiki zilizosajiliwa nchini mwaka 2005 hazikufika 4,000. Mwaka 2009 zilizidi 90,000. Katika tarikhi ya usafiri wa nchi yetu sijui mageuzi mengine yaliyokwenda kwa kasi hiyo, wala yaliyofanyika kwa kelele chache hivyo bungeni na nyingi hivyo barabarani. Baiskeli ya abiria, iliyokuwa imetawala kwa takriban miaka kumi na tano, ikatoweka katika miji ya Migori na Homa Bay kwa muda mfupi, na jina lake likachukuliwa na aliyeirithi, sehemu moja ikikatwa, maana leo wengi husema boda tu.

Hapa sina budi kusimama kidogo, kwa kuwa lugha imefanya jambo la kupendeza. Waluo walikuwa na ndiga, walikuwa na apiko; kwa nini basi wakope neno la tatu? Kwa sababu ndiga na apiko ni majina ya chuma, na boda ni jina la kazi. Apiko ya padre ni apiko, haiwi boda hata akimpakia mwalimu wa katekisimu kila Jumapili. Na apiko ileile ikiuzwa kwa kijana akasimama nayo penye njia panda asubuhi ya pili, imekuwa boda kabla haijabadilishwa hata taa. Kadhalika katika Kiswahili cha huku, upatanisho wa sarufi wenyewe umekubali kuhama: mtu husema boda imeharibika, akiwa na maana ya chombo, na hapohapo husema boda amefika, akiwa na maana ya mwanadamu, wala hakuna anayechanganyikiwa. Waluo, walio waangalifu zaidi katika jambo hili, humwita mtu mmoja jaboda, na wakiwa wengi, joboda. Na ukivuka Isebania ukaingia Sirare, utalikuta neno boda likitumika vilevile, lakini jihadhari na jina la Bajaj: kwa Mtanzania bajaji ni chombo cha magurudumu matatu, kile ambacho Mkenya hukiita tuktuk, ilhali kwa kijana wa Migori jina hilo limeandikwa kwenye tangi la pikipiki yake ya magurudumu mawili.

Sheria ilikuja nyuma, kama ada yake. Mabadiliko ya Sheria ya Usafiri Barabarani ya mwaka 2012, na kanuni zilizoyafuata, yalimtaka mwendeshaji awe na leseni, avae kofia ya chuma na koti lenye kung'aa, wala asipakie zaidi ya abiria mmoja. Ni sheria njema, na yeyote aliyepata kuingia wodi ya mifupa katika hospitali yoyote ya pande hizi hatahitaji kuelezwa hikima yake. Lakini iliandikwa kwa ajili ya mtu mmoja mwenye kwenda mahali pamoja, na boda ya Nyatike, upande wa Migori ulio ziwani, haikuumbwa kwa mtu huyo. Alfajiri mwendeshaji wake huchukua watoto watatu wa mama mmoja kwenda shule, akalipwa kwa mwezi. Adhuhuri huenda Sori au Muhuru Bay akarudi na magunia ya omena, yaani dagaa wa ziwani. Na kule Macalder na Osiri, ambako dhahabu imechimbwa tangu miaka ya 1930 na ambako wachimbaji wadogo walibaki baada ya mgodi mkubwa kufungwa, hubeba mawe kutoka mashimoni kwenda vinuni, injini ikilia kwa uchungu katika njia ambazo punda angefikiri mara mbili.

Wala kazi hii si ya mtu pekee, kama wapita njia wadhaniavyo. Kila steji, yaani kituo cha boda, ina mwenyekiti, ina daftari, ina zamu, ina mchango wa ugonjwa na mchango wa msiba. Mgeni haji tu na chombo chake akasimama, bali hutoa kiingilio na kujulikana nyumbani kwao. Aghalabu pikipiki si mali ya aiendeshaye. Ni ya mwalimu, ya mjane aliyeuza ng'ombe, au ya mwenye duka, ambaye hupelekewa fungu lake kila jioni, na mwendeshaji hubaki na linalozidi baada ya mafuta. Na azimio la wengi ni kufanya hivyo mpaka wapate chombo chao wenyewe, ama kwa akiba ya chama, ama kwa mkopo ambao marejesho yake huwafanya watoke hata wakiwa na homa. Wanasiasa walilitambua jeshi hili mapema. Tangu serikali za kaunti zilipoanza mwaka 2013, hakuna mgombea wa Homa Bay au wa Migori anayeingia mjini bila ya kutanguliwa na pikipiki, na vituo vya mafuta hupata msimu wao wa mavuno kila baada ya miaka mitano.

Mbita imekuwa na jambo lake la pekee. Huko, penye tuta na daraja linaloiunganisha bara na kisiwa cha Rusinga, kampuni ya WeTu, iliyoanzishwa kwa msaada wa wakfu wa Siemens Stiftung na iliyozoeleka kwanza kwa kuchaji kwa nguvu za jua taa za wavuvi wa omena, ilianza pia kujaribu pikipiki za umeme, zilizoundwa na kampuni ya Nairobi ambayo zamani iliitwa Opibus na sasa ni Roam. Neno pikipiki lafikiriwa na wengi kuwa lilitokana na mlio wa injini, na chombo hiki hakina mlio. Ikiwa kitaenea, litakuwa limebaki jina bila ya sababu yake. Jina la boda haliguswi na jambo hilo hata kidogo, maana halikupata kutegemea injini.

Limebaki la msiba, ambalo mimi naona ni kubwa kuliko la umeme. Katika desturi ya Waluo iliyoitwa tero buru, mtu mzima alipofariki, wanaume walikusanya ng'ombe, wakachukua mikuki na ngao, wakakimbia mpaka mipakani mwa eneo lao kuifukuza mauti, kisha wakarudi na ng'ombe wao kwa nyimbo. Siku hizi ng'ombe wamepungua na malisho yamekuwa mashamba, na mikuki imekuwa adimu. Lakini maiti ikitolewa katika nyumba ya maiti ya Homa Bay au ya Migori kupelekwa nyumbani, huipokea njiani kundi la joboda, pikipiki ishirini au hamsini, matawi ya miti yamefungwa mbele, honi zikilia, wengine wakisimama juu ya viti, wawili na watatu kwa chombo kimoja, na polisi wakitazama kando. Wako wazee wanaochukizwa, wakisema huo ni ujeuri wa vijana na wala si buru. Wako wengine waliokuwa wakikimbia na mikuki enzi za ujana wao, nao husema kwamba hata wakati ule walikuwapo wazee waliochukizwa. Na katika kikao cha kupanga mazishi, mtunza hazina anapoandika gharama za jeneza, hema, na ng'ombe wa kuchinjwa, husoma pia mstari wa mafuta ya boda, na hapo huanza mabishano ya lita ngapi.