Kazi Iliyofichwa na Mipaka ya Kumfukuza Mtu

Kinkondja, kando ya Ziwa Kisale katika jimbo la Haut-Lomami, riziki ya wengi hutoka majini. Ajira ya mkataba wa maandishi hupatikana kwa wachache: shuleni, misheni, hospitalini, na kwenye mashirika yanayofika kipindupindu kinapopamba moto, maana ukanda huo wa maziwa ni mojawapo ya maskani yake sugu nchini Kongo. Mtu anaweza kuvua msimu mmoja, akanyunyiza klorini msimu wa pili, kisha akashika chaki. Fomu ya maombi inapomtaka ataje waajiri wake wote, naye akamruka mmoja, je, siku jambo hilo likigundulika afukuzwe?

Jibu jepesi ni kwamba amedanganya, basi aende. Sheria ya Kongo haiendi mbio hivyo. Kanuni ya Kazi ya tarehe 16 Oktoba 2002 inauhesabu ukosefu wa uaminifu kuwa kosa zito linaloweza kuvunja mkataba papo hapo, ila inamtaka mwajiri atoe uamuzi wake kwa maandishi ndani ya siku 15 za kazi tangu alipojua jambo lenyewe. Asiliweke akibani mpaka siku atakapogombana na mfanyakazi. Kuhusu kinachofanyika kabla ya mkataba, amri ya zamani zaidi, ya tarehe 30 Julai 1888, inatoa kipimo ambacho bado kinafaa: hila hubatilisha mkataba pale tu ambapo bila hila hiyo upande wa pili usingekubali. Nayo haidhaniwi, huthibitishwa. Kwa hiyo haitoshi kuonyesha kwamba mtu alificha. Mwajiri aonyeshe kwamba angejua, asingemwajiri, na kwamba sababu yake inahusu kazi yenyewe. Mwalimu aliyenyamazia miezi mitatu ya kupakia mizigo bandarini Bukama hajamhadaa yeyote.

Kuna jambo jingine ambalo waajiri hulisahau. Kanuni hiyohiyo inaamuru kwamba mkataba unapokwisha mfanyakazi apewe cheti chenye aina ya kazi, muda wake, tarehe za kuanza na kumaliza, na namba yake ya hifadhi ya jamii. Neno lingine lolote ni marufuku kuongezwa. Sheria ya ajira ya Kenya ya mwaka 2007 nayo inamlazimu mwajiri kutoa cheti, bila kumlazimu aandike lolote kuhusu tabia. Watunga sheria waliacha kwa makusudi nafasi ambayo mtu anaweza kuondokea pabaya na kuanza upya.

Nafasi hiyo ina historia. Kipande cha Kenya, yaani kitambulisho cha kazi cha enzi ya ukoloni, kilichotungiwa sheria mwaka 1915 na kuanza kutumika baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, kilibeba alama za vidole na majina ya waajiri, na ambaye hakuwa amesainiwa kuondoka alionekana mtoro. Katika Kongo ya Wabelgiji, amri ya tarehe 16 Machi 1922 iliruhusu mfanyakazi aliyevunja mkataba aadhibiwe kama mhalifu. Kuficha mwajiri wa zamani kulikuwa kukwepa jela. Anayedai leo historia nzima ya mtu, bila swali mahususi, anakifufua kipande hata kama hajawahi kukisikia.

Hata hivyo, kuna kimya ambacho sikitetei. Mwaka 2011 mkuu wa shirika la misaada la Oxfam nchini Haiti aliruhusiwa kujiuzulu kufuatia uchunguzi wa vitendo vya ngono, na mwaka uliofuata akaajiriwa na shirika la Action contre la Faim kwenda Bangladesh. Ripoti ya Septemba 2021 kuhusu watumishi wa Shirika la Afya Duniani wakati wa Ebola mashariki mwa Kongo ilionyesha madhara ya watu wenye mwenendo kama huo kupewa mamlaka juu ya wanawake wanaotafuta kazi. Tangu 2019 mashirika kadhaa ya misaada huulizana kama mwombaji aliwahi kukutwa na hatia ya unyanyasaji wa kingono. Anayeficha mwajiri ili ulizo hilo lisimfikie amevunja jambo ambalo kazi inalitegemea, na kumfukuza ni haki. Ila tukumbuke kwamba katika kisa cha Haiti mwajiri wa zamani naye alinyamaza: Action contre la Faim ilisema haikuonywa.

Mfanyakazi anayeona ameonewa sharti apitie kwanza kwa mkaguzi wa kazi. Usuluhishi ukishindikana, mahakama inaweza kumrudisha kazini au kumpa fidia isiyozidi mishahara ya miezi 36. Kwa mtu wa Kinkondja, njia hiyo ni safari ndefu ya mtumbwi na gari moshi, na wengi hukata tamaa mapema. Ndiyo maana uzito unaangukia fomu. Iulize kinachohitajika, iseme wazi kwamba kuficha hicho ni sababu ya kufukuzwa, na isiishie kwenye Kifaransa pale ambapo mwombaji anaishi kwa Kiluba na Kiswahili. Mwajiri asiyeweza kuonyesha kwamba swali lake lilieleweka hajathibitisha hila yoyote.