Stesheni Isiyo na Treni

Ukitoka Muheza kupanda Amani, kabla mlima haujakaza unafika Sigi. Hapo pana nyumba ya zamani ya stesheni masta. Mara ya kwanza kuiona nilishangaa: stesheni ya nini, katikati ya msitu?

Jibu ni magogo. Wajerumani walianza kujenga reli ya Usambara kutoka Tanga mwaka 1893. Baadaye kampuni ya Sigi Export Gesellschaft ikataka mbao za Usambara Mashariki, basi ikajengwa reli nyembamba, upana wa sentimita 75, kutoka Tengeni hadi Sigi. Ilikamilika mwaka 1910. Kilomita kama 23 tu, lakini zilitosha: mti ulioota mlimani miaka na miaka ukawa unateremka kuelekea bandari ya Tanga kama mzigo mwingine wowote.

Reli iling'olewa zamani. Ukataji haukukoma. Baada ya uhuru, viwanda vya Sikh Saw Mills viliendelea kuhitaji magogo, na miaka ya 1970 msaada wa Finland ukaleta mashine kubwa zaidi. Mitambara ikaanguka, ikawa plaiwudi. Kelele za wanasayansi zilipozidi, katikati ya miaka ya 1980, Finland hiyohiyo ikageuka kugharamia upimaji wa msitu, na ukataji wa mashine ukasimamishwa. Mwaka 1997 Amani ikatangazwa hifadhi ya mazingira asilia.

Hadithi hii huwa tunaisimulia kana kwamba imeisha vizuri. Mimi bado kuna jambo linanikera. Gogo lilipobebwa na treni au lori, liliitwa maendeleo. Mama wa kijijini akitoka na mzigo wa kuni, anaitwa mharibifu. Msitu ni uleule. Kilichobadilika ni nani ameshika panga.

Na sisi wa mjini tusijitoe. Mto Zigi unaotoka milima hiyo ndio unaojaza bwawa la Mabayani, na maji ya Mabayani ndiyo yanayofika kwenye mabomba ya Tanga. Kila ndoo tunayokinga ina deni kwa mti ambao haukukatwa, na kwa watu wanaoishi jirani nao.

Siku hizi nyumba ile ya stesheni inapokea wageni wa hifadhi. Ilijengwa ili msitu uondoke; leo inawapokea wanaokuja kuuona. Ukipita Sigi, simama kidogo. Halafu ukirudi Tanga, fungua bomba ukumbuke.