Kicheko cha watu wa Ng'ambo

Kati ya vita kuu ya kwanza na ya pili, kule Unguja kulikuwa kundi moja lenye kukesha na watu mpaka alfajiri. Sauti kubwa ilikuwa ya Siti binti Saad. Pamoja naye walikuwa Maalim Shaaban, Subeti Ambar, Buda Swedi, na Mbaruk ambaye alikuwa kipofu. Waliimba taarab kwa Kiswahili, tena kati ya nyimbo wakaweka vichekesho vifupi vilivyoitwa natiki.

Siti hakutoka nyumba ya kujulikana. Baba yake alikuwa Mnyamwezi, mama yake Mzigua, wote wenye asili ya bara. Alizaliwa Fumba karibu mwaka wa 1880, na jina alilopewa ni Mtumwa. Vijana wenzangu, hapo musimame kidogo. Sisi tunajua namna neno moja la kwenye karatasi linaweza kukaa mahali pa jina lako. Mtoto huyo aliuza vyungu, anatembea huku anaita wateja kwa sauti. Mwaka wa 1911 akahamia mjini, akaishi Ng'ambo, upande wa maskini na wale waliotoka utumwani. Jina la Siti, lenye maana ya bibi wa heshima, alilipata kwa kazi yake.

Mwaka wa 1928 walivuka bahari mpaka Bombay, India, kurekodi. Kufikia 1931, zaidi ya sahani 70,000 za santuri za Kiswahili zilikuwa zimeuzwa.

Na waliimba nini? Mapenzi, ndiyo. Lakini pia walimcheka karani mwenye kula pesa za watu. Na pale kicheko kilipokwisha, waliimba uchungu. Wimbo wa Kijiti ni wa mwanaume aliyeua mwanamke mgeni, akatoroka kwenda Tanganyika, na wanawake waliotoa ushahidi ndio wakaadhibiwa. Korti ya wakoloni iliandika hukumu yake. Ng'ambo nao waliweka yao kwenye wimbo. Bi Kidude, aliyefariki 2013, aliuimba mpaka uzeeni.

Hapa Mibirizi vijana wetu wanacheza michezo ya kuchekesha jioni: mtu wa foleni, mtu wa mihuri, mtu wa "rudi kesho". Wazee wanauliza: kicheko kitaleta unga? Hapana, hakitaleta. Swali lao ni la haki. Lakini karatasi zinazosema sisi ni nani zimeandikwa na wengine. Kama hatusemi yetu, ni hizo tu zitabaki.

Siti hakujua kusoma wala kuandika. Alifariki 1950, na mpaka leo tunajua Ng'ambo walicheka nini na walilia nini, juu kuna watu waliorekodi, na Shaaban Robert akaandika maisha yake. Sisi tuna kalamu. Kila mchezo tunaocheza, tuuandike kwenye daftari, pamoja na tarehe.